Unene wa kitabu si kipimo cha tiba bora kwa watoto

KILA mwaka wanafunzi wa udaktari wanapoingia zamu ya wodi ya watoto, swali moja huwakabili mapema: wategemee kitabu kipi?

Jibu lililozoeleka ni Nelson Textbook of Pediatrics, ambacho toleo lake la 22, la mwaka wa 2024, lina juzuu mbili na zaidi ya kurasa 4,000. Kwa anayetaka kuelewa asili ya maradhi ya watoto, hasa yale yasiyoonekana mara kwa mara, ni vigumu kupata kitabu kinachokipiku.

Hata hivyo, kitabu hicho cha Marekani humfaa zaidi daktari mwenye maabara inayofanya kazi usiku na mchana, mashine za kupumulia na chumba cha wagonjwa mahututi. Daktari mwanagenzi katika hospitali nyingi za kaunti hana vifaa hivyo vyote.

Uzito wa tofauti hiyo ulidhihirika mwaka wa 2011. Hadi wakati huo, miongozo mingi ya kimataifa ilielekeza kwamba mtoto ambaye damu yake haizunguki vyema atiliwe maji mengi mshipani kwa kasi. Watafiti, wakiwemo wa Kilifi, walilipima agizo hilo kwa watoto 3,141 wenye homa kali katika hospitali za Kenya, Uganda na Tanzania.

Miongoni mwa waliotiliwa maji kwa kasi, zaidi ya asilimia 10 walifariki katika muda wa saa 48. Kwa wale ambao hawakutiliwa hivyo, waliofariki walikuwa asilimia 7.3. Utafiti huo haukuwahusu watoto wanaoharisha wala wenye utapiamlo mkali, jambo linaloonyesha kuwa ushauri unaomfaa mtoto mmoja waweza kumdhuru mwingine.

Mwaka wa kuchapishwa nao si jambo dogo. Utafiti uliotangazwa mwaka wa 2010, uliohusu watoto 5,425 katika nchi tisa za Afrika, ulionyesha kuwa dawa ya artesunate huokoa watoto wengi wenye malaria kali kuliko kwinini. Waliofariki walikuwa asilimia 8.5 kwa artesunate na 10.9 kwa kwinini. Mwanafunzi aliyerithi kitabu kikuukuu kwa sababu bei ya kipya haishikiki, yamkini atasoma kwamba kwinini ndiyo tiba.

Kinaya ni kwamba vitabu vinavyojibu mahitaji haya ni vyembamba na havina bei. Wizara ya Afya ya Kenya hutoa kijitabu cha Basic Paediatric Protocols, ambacho toleo lake la tano ni la mwaka wa 2022. Shirika la Afya Duniani (WHO) nalo lina kitabu cha mfukoni kuhusu matibabu ya watoto hospitalini, kilichotolewa mwaka wa 2005 na kurekebishwa mwaka wa 2013. Vyote hupatikana bila malipo kwenye intaneti.

Hata hivyo, vijitabu hivi navyo vina kasoro yake. Vinamwambia daktari afanye nini, lakini mara nyingi havimwelezi ni kwa nini. Anayevitegemea pekee atakwama siku atakapoletewa mtoto ambaye dalili zake hazilingani na jedwali lolote.

Kwa hivyo, suala si kuchagua kimoja na kukitupa kingine. Kitabu kikubwa ni cha kusomwa mezani. Kijitabu ni cha kufunguliwa kando ya kitanda cha mgonjwa. Kwa vyovyote vile, mwanafunzi afaa kuuliza mambo matatu: kimechapishwa mwaka gani, kinamzungumzia mtoto yupi, na kinadhani hospitali ina vifaa gani?

Wahadhiri na wasimamizi wa maktaba nao wana wajibu wa kuyaondoa rafuni matoleo yaliyopitwa na wakati, au angalau kuyawekea onyo. Gharama ya ushauri mbovu hailipwi na msomaji wa kitabu, bali na mtoto aliye kitandani.