Coltan: mashine inasoma ngozi ya jiwe, mchimbaji ndiye anayelipia

Mchimbaji anashuka mlima na mfuko wa kilo 20 mgongoni. Usiku ameupitisha shimoni, asubuhi ameosha mchanga mtoni mpaka ukabaki mweusi mtupu. Anafika kwa mnunuzi. Mnunuzi anafungua mfuko, anachota kijiko kimoja kutoka juu, anakimwaga kwenye karatasi na kukielekezea mashine inayofanana na bastola. Baada ya sekunde chache namba inatokea kwenye kioo: 19. Mchimbaji alitarajia 28, maana juzi mwenzake wa shimo hilohilo alipata 28. Mnunuzi anakigeuza kioo upande wake na kusema neno ambalo kila mtu wa machimbo analijua: mashine haidanganyi.

Ni kweli, mashine haidanganyi. Inajibu swali inaloulizwa. Lakini mchimbaji anadhani imeulizwa kuna nini ndani ya mfuko wake, wakati yenyewe imeulizwa kuna nini kwenye ngozi ya punje chache zilizo juu ya karatasi. Kati ya maswali hayo mawili ndipo makuta ya watu wengi wa Kivu, Maniema na Tanganyika yanapotelea, na ni jambo linaloweza kurekebishwa bila kungoja vita viishe.

Namba ile, ambayo wenye biashara wanaiita "teneur", ni sehemu ya oksidi ya tantali katika kila kilo mia za mzigo. Bei yote inajengwa juu yake. Kwenye mfuko wa kilo 20, teneur ya 28 ina maana ya kilo 5 na gramu 600 za oksidi ya tantali. Teneur ya 19 ina maana ya kilo 3 na gramu 800. Tofauti ni kilo 1 na gramu 800, karibu theluthi moja ya kazi yote. Hakuna aliyeiba kitu mfukoni. Namba peke yake ndiyo imebadilika.

Mtu anaweza kuuliza kwa nini mchimbaji mwenye miaka kumi kazini hawezi kutazama jiwe lake na kujua thamani yake. Mchimba dhahabu anaweza kidogo. Wa coltan hawezi, na sababu iko ndani ya jiwe lenyewe.

Coltan ni kristali. Atomu zake zimepangwa kwa utaratibu uleule unaorudiwa mamilioni ya mara, kama matofali ya ukuta uliojengwa na fundi mmoja. Katika ukuta huo kuna nafasi za chuma au manganizi, na kuna nafasi nyingine, kila moja ikizungukwa na atomu sita za oksijeni, ambazo zinaweza kujazwa na tantali au na ndugu yake niobi. Atomu hizo mbili zina ukubwa unaokaribia kuwa sawa kabisa. Kristali haichagui: inapokea moja au nyingine, kulingana na kile kilichokuwepo wakati mwamba ulipokuwa ukipoa chini ya ardhi. Ukuta unabaki na umbo lilelile na rangi nyeusi ileile. Mashimo mawili ya mlima mmoja yanaweza kutoa mawe yanayofanana kama mapacha, moja likiwa limejaa tantali na lingine niobi, ambayo bei yake ni ndogo zaidi.

Mchimbaji asione haya kwa kushindwa kutofautisha. Niobi iligunduliwa mwaka 1801 na Charles Hatchett wa Uingereza, tantali mwaka 1802 na Anders Ekeberg wa Sweden. Mwaka 1809 mwanakemia mkubwa wa London, William Wollaston, akatangaza kwamba ni kitu kimoja, na watu wakamwamini kwa miaka mingi. Ilimpasa Heinrich Rose wa Ujerumani, mwaka 1844, kuonyesha kwamba ni viwili. Namna nzuri ya kuvitenganisha ilipatikana mwaka 1866, pale Marignac wa Geneva alipotengeneza chumvi za metali hizo na kuona kwamba ile ya tantali inawahi kuganda kuwa kristali wakati ya niobi ingali imeyeyuka majini. Wataalamu wenye maabara walidanganywa na ndugu hawa wawili kwa zaidi ya miaka 40. Leo kijana wa machimbo anaambiwa "ungejua mali yako".

Kuna jambo moja ambalo mapacha hao hawawezi kuficha, nalo ni uzito. Atomu ya tantali ina uzito karibu mara mbili ya ile ya niobi. Kwa hiyo kilo moja ya coltan iliyojaa niobi, ikizamishwa ndani ya maji, inapoteza karibu gramu 190 za uzito wake, na kilo moja iliyojaa tantali inapoteza karibu gramu 125. Mzani mzuri, ndoo na uzi vinatosha kujua kama mzigo uko upande wa juu au wa chini. Kuna tatizo: kasiteriti, ambayo mara nyingi inachimbwa pamoja na coltan, ina uzito ulio katikati, na inaweza kuharibu hesabu. Lakini kasiteriti haivutwi na sumaku kama coltan, na ukiisugua juu ya kigae kisichong'arishwa inaacha alama nyeupe au hafifu, wakati coltan inaacha alama ya kahawia au nyeusi. Mambo haya yangeweza kufundishwa kwa siku mbili katika ushirika wowote wa wachimbaji. Hayatoi teneur kamili, lakini yanampa muuzaji jambo la kusema pale kioo kinapogeuzwa upande wa pili.

Turudi kwenye bastola. Inarusha mionzi ya X, mionzi inagonga atomu, kila aina ya atomu inarudisha mwanga wake wa pekee, na mashine inahesabu. Ni chombo kizuri sana. Ila mwanga unaorudishwa na tantali ni dhaifu mbele ya jiwe zito kama coltan: ukitokea ndani kidogo tu, unamezwa na jiwe lenyewe kabla ya kutoka nje. Kinachofika kwenye mashine kinatoka kwenye tabaka lisilozidi unene wa unywele. Punje ya coltan inaweza kuwa na upana wa milimita mbili au tatu. Kinachosomwa ni ngozi.

Na ngozi ya jiwe lililotoka ardhini haiwi safi. Inabeba udongo mweupe wa mwamba uliooza, inabeba kutu ya chuma, inabeba maji. Tope kidogo juu ya punje linashusha namba. Unyevu pia unaishusha, na ndiyo maana mfuko uliopimwa wakati wa mvua unaweza kuonekana maskini kuliko uleule uliokaushwa juani. Halafu kuna majirani: tantali ni namba 73 katika jedwali la elementi, wolframi ni namba 74, na mianga yao inakaribiana. Mashine ambayo haijarekebishwa kwa unga wenye teneur inayojulikana inaweza kuchanganya. Anayeweka mipangilio hiyo ni mnunuzi. Mchimbaji hajawahi hata kuambiwa kwamba mipangilio ipo.

Dawa inajulikana katika kila maabara ya dunia: kausha, saga mpaka unga, changanya, gawa katika mafungu manne, chukua kidogo kutoka kila fungu, ndipo upime. Unga hauna ngozi ya kuficha kitu, maana ndani na nje vimekuwa kimoja. Kinu kidogo cha chuma kinatosha. Kijiko kimoja kutoka juu ya mfuko si kipimo, kwa sababu punje nzito zinashuka chini njiani na zile nyepesi zinabaki juu. Kila aliyebeba mchanga juu ya pikipiki kutoka Masisi mpaka Goma ameona hilo kwa macho yake.

Wanunuzi wana jibu lao, na si la kudharau. Wanasema kipimo cha machimboni ni makadirio tu, mzigo utachanganywa na mingine, utapimwa tena kabla ya kutoka nchini na tena kiwandani ng'ambo, na hasara ikionekana huko inawaangukia wao. Vizuri. Lakini kama ni makadirio, basi kila kosa lingepaswa kuwa na njia ya kurudi. Namba ya kiwandani ikiwa kubwa kuliko ya machimboni, kuna njia gani ya kumrudishia mchimbaji tofauti yake? Yeye alishalipwa, risiti mara nyingi hana, na mfuko wake umekwisha kuchanganywa na mingine hamsini. Makadirio yanayosahihishwa upande mmoja tu yanageuka kuwa kodi.

Serikali ya RDC yenyewe ilitangaza mwezi Novemba 2018 kwamba coltan, pamoja na kobalti na germani, ni madini ya kimkakati. Neno ni kubwa. Nchi ina taasisi ya CEEC yenye kazi ya kupima na kuthibitisha madini, na ina SAEMAPE yenye kazi ya kusaidia wachimbaji wadogo. Lakini uzito wa kazi ya kupima uko mwishoni mwa njia, pale mzigo unapokaribia kuvuka mpaka, ili kodi ihesabiwe. Mwanzoni mwa njia, pale kipato cha familia kinapoamuliwa, kuna bastola ya mtu binafsi na kioo kilichogeuzwa.

Ni haki kusema pia kwamba Rubaya, katika wilaya ya Masisi, machimbo makubwa ya coltan kuliko yote nchini, iko mikononi mwa M23 tangu mwisho wa Aprili 2024. Hakuna mtu mwenye akili atakayedai leo maabara ya serikali pale. Lakini coltan inatoka pia Manono, inatoka Maniema, na huko serikali haina udhuru huo. Vyuo vikuu vya Lubumbashi na Bukavu vinafundisha jiolojia, na kila mwaka vijana wanatoka na diploma bila kupata kazi. Kijana mmoja kati yao, kinu kimoja, mashine moja, na seti ya unga wenye teneur inayojulikana: hiyo ndiyo maabara yote inayohitajika karibu na soko la madini. Ushirika wa wachimbaji unaweza kuilipia kidogo kwa kila mfuko.

Mambo matatu yangeweza kuanza hata kabla ya hapo, kwa amri ya gavana tu. Kioo cha mashine kielekezwe upande wa muuzaji. Mchanga usagwe mbele yake. Na kifuko kidogo cha unga uleule kifungwe, kitiwe sahihi na pande zote mbili na kukabidhiwa kwa muuzaji, ili akiwa na shaka apeleke kupimwa mahali pengine.

Kuna kichekesho kikali katika habari hii yote. Huko ambako tantali inaishia, kinachotafutwa ni ngozi yake. Viwanda vinaigeuza kuwa unga mwembamba hata gramu moja inakuwa na uso wa mita ya mraba na zaidi, kisha vinaifunika kwa tabaka la oksidi lenye unene usiofika nanomita mbili kwa kila volti ya umeme iliyotumika kulitengeneza. Tabaka hilo ndilo linalowezesha kifaa kidogo kuliko punje ya mchele kutunza umeme ndani ya simu. Mafundi wa huko wanalipima kwa uangalifu mkubwa, kwa sababu kosa dogo kwenye uso huo linaunguza kifaa kizima. Metali hiyohiyo, ilipotoka kwenye mlima wake, ilipimwa juu ya karatasi, ikiwa na tope na maji, kwa sekunde chache, na aliyeichimba akarudi juu na bei ya 19.