Jina la Baba na Ukoo wa Mama



Wamakonde wa Newala wana litawa, yaani ukoo ambao mtoto huurithi kwa mamaye. Wamakua na Wayao wa Masasi nao tangu asili huhesabu ukoo kwa upande wa mama. Lakini shuleni mtoto huandikwa jina la babaye, na chuoni kwetu nikiwauliza vijana litawa lao, wengi hunyamaza. Wengine hudhani kwamba Uislamu umelifuta. La, hasha!

Zaid bin Haritha alikuwa akiitwa Zaid bin Muhammad, mpaka iliposhuka aya ya 5 ya Sura al-Ahzab, ikaamrisha watu waitwe kwa baba zao. Hukumu hiyo yakataza kumnasibisha mtu na asiyemzaa. Haikuamrisha kuwasahau wajomba. Kuunga udugu ni wajibu, na asiyewajua jamaa za mamaye atawaungaje?

Basi enyi wazazi, siku ya saba mtoto apewapo jina, andikeni daftarini jina la babaye na litawa la mamaye. Nanyi vijana, waulizeni bibi zenu wangali hai.

Wabillahi tawfiq.