Kabeji ya Siki na Sukari

Wiki hii tupike kabeji. Wengi huitokosa hadi inuke, kisha hushangaa watoto wakiisukuma kando ya sahani. Kosa si la kabeji, ni la kuikawiza motoni.

Katakata nusu ya kabeji ndogo iwe nyembamba. Kaanga kitunguu kwa mafuta kidogo, tia kabeji na chumvi, ugeuzegeuze kwa moto mkali dakika tano hivi. Usiongeze maji; inayo yake ya kutosha. Changanya vijiko viwili vya siki na kimoja cha sukari, mimina, geuza mara mbili tatu, uepue. Mwanafunzi asiye na siki akamulie ndimu, ila baada ya kuepua. Kwa ugali na samaki wa kukaanga, utaongezwa sahani.