Jina la Kibarua Kitabuni si Sadaka

Bwana Mtengenezaji,

Naomba nafasi katika gazeti la chama chetu niseme neno juu ya kitabu cha majina, chombo tukishikacho sisi makarani kila siku wala tusiuone uzito wake. Wako wenzetu wasemao, "Kibarua ni mtu wa leo hapa, kesho kule, kumwandika ni kupoteza wino." Neno hili ni ovu, nami nitalijibu kwa habari ya Bara Hindi.

Mwaka 1996 nchi ile ilitunga sheria kwa ajili ya wajenzi: wachukuao matofali kichwani, wachanganyao saruji, wapandao majukwaa ya mianzi. Wenye kujenga majengo makubwa walitozwa kodi, isiyopungua sehemu 1 katika 100 ya gharama wala kuzidi 2, iwekwe katika hazina ya wajenzi kwa malipo ya uzeeni, msaada wa walioumia, uzazi, na masomo ya watoto. Lakini fedha hizo hazikuwa za kila mjenzi. Zilikuwa za yule aliyeandikwa. Na ili aandikwe ilimpasa awe na umri kati ya miaka 18 na 60, tena awe amefanya kazi hiyo siku 90 katika miezi 12 iliyopita.

Siku 90 si nyingi; bali nani atashuhudia? Mara nyingi kilitakiwa cheti cha mwajiri au cha mkandarasi, yaani mtu yule yule apataye faida kibarua asipojulikana. Ni sawa na kumtuma kuku kwa mwewe akalete cheti cha vifaranga vyake.

Basi kodi ikakusanywa, na majina yakaandikwa polepole. Mwaka 2006 watetezi wa wajenzi wakapeleka shauri mbele ya Mahakama ya Juu ya nchi ile. Hukumu ilitolewa Machi 19, 2018, baada ya miaka 12. Majaji Madan Lokur na Deepak Gupta walieleza ya kwamba zilikusanywa rupia zaidi ya bilioni 374, na zilizotumika zilikuwa kama bilioni 95 tu. Tena nyingine zilinunuliwa mashine za kufulia nguo na kompyuta. Wakaamuru kazi ya kuwaandikisha wajenzi itiwe nguvu. Miaka 2 baadaye, mwaka 2020, ugonjwa wa korona ulipofunga kazi zote, Serikali ilisema wajenzi wasaidiwe kwa fedha za hazina ile. Walioandikwa ndio waliohesabiwa. Asiye na jina kitabuni hakuwa na mlango wa kubisha.

Mtu atasema, "Yaliandikwa na majina ya uwongo." Ni kweli, yaliandikwa. Lakini jina la uwongo haliingii kitabuni kwa miguu yake. Lina karani aliyelifungulia. Dawa yake ni kuchungua, si kufunga kitabu.

Mwingine atakumbuka kipande, walichovishwa wazee wetu wa Kenya shingoni kwa sheria ya mwaka 1915. Walakini kitabu kile kiliandikwa ili kibarua asimtoroke tajiri. Hiki waombacho wajenzi, kibarua mwenyewe hutaka aandikwe, ili tajiri asimtoroke yeye.

Ndugu zangu makarani, jaji huandika hukumu mara moja. Sisi huandika majina kila siku. Hukumu ya miaka 12 yaweza kuuawa mezani petu kwa maneno mawili tu: "Njoo kesho." Kwa kibarua, kesho ni ujira wa siku uliopotea. Basi ajaye kwetu na saruji mikononi, tusimtazame kama mwombaji. Amekuja kuchukua kilicho chake.

Mimi mwenzenu mtiifu,
KARANI WA MASJALA