Mbolea ya Miti Yetu: Usiache Mbachao

Leo nataka tuzungumze juu ya jambo ambalo wengine watasema ni dogo, tena lanuka: samadi ya mbuzi. Cheka ukitaka, lakini soma mpaka mwisho.

Nilipokuwa kidato cha kwanza, darasa letu lilipewa miche sita ya mwarobaini tupande kando ya uwanja. Tulichanga pesa, tukaenda dukani tukanunua kilo mbili za DAP. Tulitia kiganja kizima katika kila shimo, kwani tulifikiri kuzidisha ndiko kupenda. Mwenzetu mmoja, binti wa wafugaji, alikuja na gunia la samadi kuukuu kutoka boma la kwao. Tulimcheka wee! Ati tumemwambia arudishe ushamba wake nyumbani. Hakujibu neno. Alipanda mche wake peke yake nyuma ya bweni, akauwekea samadi yake.

Mvua ilikatika mapema. Majani ya miche yetu yalianza kukauka kutoka pembeni kuelekea kati, kama karatasi iliyopitishwa motoni. Baada ya wiki chache hapakuwa na mti hata mmoja. Mwarobaini wa yule binti umesimama mpaka leo, na sisi tuliomcheka ndio tunaogombania kivuli chake saa saba mchana.

Kwa nini? Si kwamba DAP ni mbaya. Ina naitrojeni asilimia 18 na fosfeti asilimia 46, na ukipanda barabara ya Nanyuki hadi Timau utaona ngano na viazi vinavyostawi kwa mbolea za duka. Lakini Timau kuna baridi na udongo hukaa na unyevu. Sisi tuko chini, mita 1,100 hivi kutoka usawa wa bahari, jua kali, na mvua ni ya misimu miwili tu: Machi hadi Mei, na Oktoba hadi Disemba. Mbolea ya duka ni aina ya chumvi. Maji yakiwa machache, chumvi hiyo huyazuia yasiingie mizizini, hata huyavuta yaliyomo yatoke. Wanaosoma biolojia wanalijua vizuri jambo hili. Isitoshe, naitrojeni nyingi huharakisha majani kabla mizizi haijashika, na majani mengi ni midomo mingi ya kupoteza maji. Kwa hiyo tulichagua mbolea ya baridi tukaitia katika joto.

Samadi, kwa upande wake, hulisha polepole na hushika maji kama sifongo. Hapa kwetu Isiolo kila boma linayo. Je, tunaenda kununua nini dukani? Wahenga walituonya: usiache mbachao kwa msala upitao.

Najua kuna watakaobisha. Watasema samadi nayo huunguza. Kweli, ikiwa mbichi. Ndiyo sababu inafaa ilowanishwe, irundikwe na kugeuzwa kwa miezi kadhaa, mpaka ukiishika ni baridi, haina harufu kali na inavunjika mkononi kama udongo. Wengine watasema inaleta mathenge, ule mti wa miiba ulioletwa Kenya miaka ya 1970 ukageuka adui wa malisho. Hilo pia ni kweli: mbuzi hula maganda yake na mbegu hupita tumboni zikiwa nzima. Basi kila kichipukizi cha mathenge king'olewe kikiwa kidogo. Kazi hiyo si kubwa kuliko kuchimba mashimo upya kila mwaka.

Kipimo ni rahisi. Chimba shimo la futi mbili kwa mbili, changanya sehemu moja ya samadi iliyooza na sehemu tatu za udongo wa juu, acha kijibwawa kuzunguka mche, kisha tandaza nyasi kavu zisiguse shina. Mgunga, ambao Waborana huuita dadacha, Waturkana ewoi na Wasamburu ltepes, hauhitaji hata hayo yote, kwani vijidudu vilivyomo mizizini mwake huutengenezea naitrojeni kutoka hewani.

Serikali ilitutangazia sikukuu ya kupanda miti tarehe 13 Novemba 2023, na lengo la taifa ni miti bilioni 15 kufikia mwaka 2032. Ni jambo jema. Lakini mti uliopandwa si mti ulioota. Tusihesabu mashimo, tuhesabu vivuli.

Maoni yangu basi ni haya: pesa za mbolea katika klabu na madarasa yetu zinunue mitungi ya maji, na samadi itoke nyumbani. Kila mmoja wetu akirudi kutoka likizo na kadebe kamoja tu, tutakuwa na rundo la kutosha kabla ya mvua za Oktoba. Na yule atakayekuja na gunia, asichekwe tena. Mimi nilicheka, na sasa nikikaa chini ya mwarobaini wake najiona mdogo. Bado sijamwomba msamaha. Naomba kurasa hizi zinisaidie.

Shime, wenzangu!

Mwanachama, Kidato cha Nne