Hesabu Iliyomsahau Maskini

Kuna riwaya ya upelelezi isifiwayo mbali na karibu, nami sina ugomvi na ufundi wake. Ni ya Keigo Higashino wa Japani, iliyotoka mwaka 2005 na kutunukiwa Tuzo ya Naoki; kwa Kiingereza yaitwa The Devotion of Suspect X. Ugomvi wangu ni na sisi tuisomao. Na ambaye hajaisoma anisamehe, kwani siwezi kuyasema yangu bila ya kulifumbua fumbo lake.

Ishigami ni mwalimu wa hesabu, mpweke mwenye akili ya ajabu. Jirani yake Yasuko, mama wa binti mmoja, amemuua mtalaka wake aliyekuwa akimwandama na kumtesa. Mwalimu asikia vishindo, aja mlangoni, naye ajitwika mzigo wa kuwaokoa. Mwalimu huyu huwatungia wanafunzi wake maswali yenye sura ya jiometri, kumbe ni ya aljebra. Mwenye kukariri tu hupotea njia. Na polisi nao akawatungia lao. Wakesha wakichunguza Yasuko alikuwa wapi usiku fulani, na kila alijibulo ni kweli tupu. Kosa limo katika swali. Mtalaka alikufa usiku wa kabla yake. Maiti iliyookotwa kando ya mto ni ya mtu mwingine, maskini asiye na makao, ambaye Ishigami alimuua ili adhaniwe kuwa ndiye mtalaka.

Nilipoufikia mwisho machozi yalinilenga. Nilimlilia mwalimu: mapenzi gani haya, mtu ajitose hivi kwa mwanamke ambaye hata mkono hajamshika! Baadaye, kitabu nimekwisha kukifunika, nikajiuliza: na yule wa mtoni je? Nikatafuta jina lake, sikulipata. Hana. Ishigami alimpa lakabu tu, Injinia, akimpita kila asubuhi aendapo kazini. Alimchagua kwa kuwa hakuna ambaye angemuulizia. Nami msomaji, kwa muda mzima, sikumuulizia.

Sisi tulioanzia chuoni twalijua neno hesabu kwa maana mbili. Moja ni ya ubao na chaki, nayo tuna fungu letu humo: hata jina la aljebra limetokana na kitabu cha al-Khwarizmi, mwanachuoni wa Baghdad wa karne ya 9. Ya pili ni ya ile Siku ya Hesabu, ambayo hapana nafsi itakayoachwa nje ya daftari, awe tajiri au mlala njiani.

Katika hesabu ya kwanza Ishigami hakuwa na mfano. Ya pili aliikosa kwa mtu mmoja, na mtu mmoja si kosa dogo.

Basi kisomeni kitabu hiki, ni kizuri. Lakini anayemlilia mwalimu na ambakishie chozi yule asiye na jina.