Mwangwi wa Ziwa Edward

Mjini Butembo, mashariki mwa Kongo, kuna Chuo Kikuu Katoliki cha Graben. Jina hilo si pambo: graben ni kipande cha ardhi kilichozama katikati ya nyufa mbili. Ndivyo lilivyo bonde la Semliki, na ndivyo lilivyo Ziwa Edward, ambalo samaki wake huliwa Butembo na Beni.

Mwaka 2014 ardhi iliyo chini ya ziwa hilo ilipimwa kwa mwangwi. Kampuni ya SOCO ya Uingereza ilikuwa na kibali cha kutafuta mafuta katika Kitalu V.

Majini, kazi hii huenda hivi. Chombo hukokota bunduki ya hewa iliyoshindiliwa. Ikifyatuliwa, sauti hushuka. Sehemu yake hugonga tope na kurudi, nyingine hupenya hadi kwenye mwamba, nayo hurudi ikiwa imechelewa. Vinasa sauti kwenye kamba ndefu hupima kuchelewa huko. Sauti hukimbia majini karibu mita 1,500 kwa sekunde, kwa hiyo mwangwi uliorudi baada ya sehemu moja ya kumi ya sekunde, kwenda na kurudi, umetoka mita 75 chini. Bunduki ikifyatuliwa mara maelfu, hupatikana mchoro wa matabaka na nyufa.

Mabishano ya wakati ule yalihusu mafuta na mbuga ya Virunga, ambamo upande wa Kongo wa ziwa hili umo, na yalistahili: Virunga ilianzishwa 1925, na ni urithi wa dunia tangu 1979. Juni 2014 SOCO ilikubaliana na shirika la uhifadhi la WWF kutochimba. Mwaka uliofuata ikaondoka. Serikali ya Kongo nayo ilitangaza mnada wa vitalu 27 vya mafuta Julai 2022, ikaufuta Oktoba 2024.

Katika kelele hizo, jambo moja lilisahauliwa. Ufa unaoweza kuzuia mafuta yasitoroke unaweza pia kutikisa nyumba. Machi 1966 tetemeko la bonde la Semliki liliua watu zaidi ya 100, upande wa Uganda na upande wa Beni.

Msimamo wa toleo hili ni kwamba anayepinga uchimbaji na anayeutaka wanahitaji mchoro uleule, na mwashi anayejenga ghorofa Butembo anauhitaji kuliko wote wawili. Wizara ya Hidrokaboni mjini Kinshasa iruhusu nakala za vipimo vya 2014 zisomwe katika vyuo vikuu vya Butembo na Beni, bila kungoja mnada mwingine.